Mruba, Popoo na Ini: Namna Wamalay Wanavyolisema Penzi

Kuna shairi la mistari minne ambalo Wamalay wengi hulijua kwa moyo kabla hawajafikia umri wa kupenda:

Dari mana datangnya lintah?
Dari sawah turun ke kali.
Dari mana datangnya cinta?
Dari mata turun ke hati.

Kwa Kiswahili nalileta hivi:

Mruba watokea wapi?
Jarubani, ukashuka mtoni.
Penzi nalo latokea wapi?
Machoni, likashuka moyoni.

Anayelisikia mara ya kwanza hujiuliza mruba una kazi gani kwenye mapenzi. Mdudu mnyonya damu, utelezi mtupu, unawekwaje mlango mmoja na penzi? Nilijiuliza hivyohivyo, na kwa muda mrefu nilidhani mruba umeletwa kwa ajili ya kina tu. Sasa naamini kwamba aliyeuelewa mruba huu ameshika ncha ya uzi wote: posa za Wamalay, harusi zao, visa vya masultani wao, mpaka tamthilia wanazotazama leo baada ya magharibi. Ninaposema Wamalay nina maana ya watu wa Rasi ya Malay, Singapore, visiwa vya Riau na pwani ya mashariki ya Sumatra, Waislamu wa madhehebu ya Shafi kama walivyo Waswahili wengi wa pwani.

Shairi la namna hii huitwa pantun. Lina mistari minne, kila mstari una mizani 8 hadi 12, na vina vinapishana: wa kwanza na wa tatu, wa pili na wa nne. Mistari miwili ya mwanzo huitwa pembayang, na ndani ya neno hilo mna bayang, yaani kivuli. Miwili ya mwisho huitwa maksud, neno ambalo halimsumbui Mswahili, maana ni Kiarabu kilekile kilichotupa makusudi. Kivuli hutangulia, mwenye kivuli akafuata. Mwaka 2020 UNESCO iliuingiza pantun kwenye orodha yake ya turathi zisizoshikika, kwa ombi la pamoja la Indonesia na Malaysia.

Ubishi mkubwa umekuwa juu ya kivuli hicho. Kuna wanaosema hakina maana, kazi yake ni kuandaa sikio kwa vina vitakavyokuja. Kuna wanaosema kila kivuli kina siri yake. Kwa maoni yangu inategemea pantun yenyewe, lakini zile nzuri hazina kivuli cha bure. Uangalie tena huo mruba. Mkulima anayepanda mpunga jarubani, maji yamemfika kwenye goti, hausikii unapong'ata. Hugundua baadaye, akiinua mguu, kwamba kuna kitu kimeshamganda na kinamnyonya. Na maji ya jaruba hushuka mtoni yenyewe, hayasukumwi na mtu. Ukishalijua hilo, mistari miwili ya mwisho haikuambii jambo jipya. Umeshaambiwa, ila hukujua.

Ipo nyingine ambayo kila nikiisoma hunitua kifuani:

Kalau tuan pergi ke hulu,
Carikan saya bunga kemboja.
Kalau tuan mati dahulu,
Nantikan saya di pintu syurga.

Anayesema ni mwanamke, anamwita mpenzi wake tuan, bwana. "Bwana, ukipanda na mto kwenda bara, nitafutie ua la kemboja. Bwana, ukitangulia kufa, ningoje mlangoni pa Pepo." Asiyejua mambo ya huko atadhani binti anaomba ua tu. Lakini kemboja, mti wa maua meupe yenye kitovu cha manjano, Wamalay huupanda makaburini. Aliposema kemboja mstari wa pili, msikilizaji wa kijijini alikuwa ameshaona kaburi, na kifo kilipotajwa mstari wa tatu kilimkuta ameshakaa msibani. Hicho ndicho kivuli.

Hapa kuna neno la kusimamia kidogo. Katika shairi la mruba nimeandika moyoni pale penye hati, na nimefanya hivyo kwa sababu ya kina, lakini hati mwilini si moyo. Moyo ni jantung. Hati ni ini. Penzi la Mmalay hushuka kutoka machoni likakaa kwenye ini. Mpenzi huitwa buah hati, tunda la ini. Na aliyeudhika husema sakit hati, ini linauma. Sisi tunaosema fulani amenikata maini hatuhitaji kufafanuliwa sana.

Maneno yenyewe ya mapenzi yana mengi ya kusema. Cinta limetoka Kisanskriti, ambako lilikuwa na maana ya fikira na wasiwasi. Rindu ni uchungu wa kumkosa mtu aliye mbali. Asyik ni ndugu wa ashiki yetu. Lakini ninalolipenda kuliko yote ni sayang. Mama humwita mtoto wake sayang, mume humwita mkewe sayang, na bakuli zuri likianguka likapasuka, mtu hutamka sayang! akimaanisha hasara iliyoje. Kupenda na kuhuzunikia kitu kinachoweza kupotea vimekaa kwenye neno moja.

Desturi ya kupitisha penzi kwenye kitu kingine huenda ni ya zamani kuliko pantun. Wamandailing, majirani wa Wamalay kule Sumatra, walikuwa na lugha ya majani: kijana alimtumia binti majani ya mimea, na majina ya mimea ile yalifanana kwa sauti na maneno aliyotaka kusema. Jani la sitarak lilisomwa kama marsarak, kutengana. La sitanggis likasomwa kama tangis, kulia. Mholanzi Charles van Ophuijsen aliyaandika haya katika karne ya 19. Majani machache yamefungwa pamoja, na ndani yake mna barua kamili ya mtu aliyeachwa.

Pantun hujibiwa. Mmoja "huuza", mwenzake "hununua", ndivyo wanavyosema wenyewe. Kule Melaka mtindo huo umezaa dondang sayang, uimbaji wa kupokezana kwa fidla, ngoma za rebana na gongo, unaopendwa na Wamalay na pia na Wachina wa zamani wa mji huo wanaoitwa Baba na Nyonya. UNESCO iliuorodhesha mwaka 2018. Kinachonivutia ni kwamba mwanamke naye yumo. Mwanamume anaweza kujisifu kuwa ni kumbang, yule mdudu mweusi anayevuma akizunguka maua; mwanamke akamjibu hapohapo kwamba bustani ina wigo, na mlango una mwenyewe. Hakuna aliyetaja jina la mtu. Wote wanaosikiliza wanajua nani kakataliwa, na bado aliyekataliwa anaweza kucheka na kuendelea kuimba, kwa sababu kilichokataliwa ni mdudu.

Sasa tuingie nyumbani, penye posa.

Kuposa kwa Kimalay ni meminang. Lichambue neno hilo utakuta pinang, yaani popoo. Kuposa kwao ni kupelekeana popoo, basi. Pwani yetu tambuu tunaijua, tunajua chokaa inavyochoma ulimi ikizidi, tunajua wekundu wake mdomoni. Kwa Wamalay ile seti ya tambuu iitwayo tepak sirih ndiyo inayotangulia mbele ya wajumbe. Ni kisanduku cha mbao au shaba, na ndani mna majani ya tambuu yaliyopangwa, na vikopo vidogo vya popoo, chokaa, gambir inayofanana na katu, na tumbaku, pamoja na kacip, mkasi mzito wa kupasulia popoo. Wawili wanaofaana huitwa popoo iliyopasuliwa katikati, pinang dibelah dua. Ukishaiona kacip ikiipasua popoo, vipande viwili vikaanguka vikiwa na michirizi ileile ya kahawia na nyeupe, hutauliza tena msemo huo umetoka wapi.

Kabla ya kuposa kuna kupeleleza, merisik. Wazee wachache wa upande wa mwanamume, kwa kawaida wanawake wenye umri, huenda nyumbani kwa binti kama wageni. Wanakaa, wanauliza hali, wanazungumza mvua na mavuno. Kisha msemaji wao, ambaye sisi tungemwita mshenga, anasukuma tepak sirih mbele kidogo na kuanza kwa mbali: tumesikia katika bustani hii kuna ua limechanua, tulitaka kujua kama lina mwenyewe. Msemaji wa upande wa pili naye haharakishi. Anaweza kujibu kwamba ua bado ni tumba. Anaweza kusema limeshazungushiwa wigo. Au anaweza kupokea tambuu, akafungua kisanduku, na kila mtu chumbani akajua mlango umefunguka. Pete nyepesi isiyo na jiwe, cincin belah rotan, huachwa kama alama.

Uso umeumbwa na haya, sisi tunasema. Wamalay wana air muka, maji ya uso, na mtu aliyefedheheka hudondoka maji hayo. Mfumo mzima wa merisik umejengwa kulinda maji ya nyuso nne: ya kijana, ya binti, na ya wazazi wa pande mbili watakaoendelea kukutana sokoni na msikitini hata kama posa haikukubaliwa. Binti akikataa, hakuna mtu aliyekataliwa; kulikuwa na ua, likawa na mwenyewe, wageni wakanywa chai wakaondoka. Nasisitiza jambo hili kwa sababu wapo wanaouona utaratibu huu kama unyonge wa kutoweza kusema. Mimi nauona kama ustadi wa kumpa mtu nafasi ya kusema hapana bila kumjeruhi mwingine, na nafasi hiyo ina thamani zaidi kwa binti, ambaye kwenye jamii nyingi ndiye mwenye uwezo mdogo wa kukataa.

Baada ya hapo mambo huenda kwa hatua ambazo Mswahili atazitambua: uchumba, hina, akidi mbele ya walii na mashahidi, kisha karamu. Mahari ya kisheria, mas kahwin, mara nyingi ni kidogo. Fedha kubwa ni wang hantaran, mchango wa upande wa mwanamume, ambao siku hizi unaweza kuvuka ringgit (fedha ya Malaysia) 10,000 na kuwachelewesha vijana wengi. Zawadi hubebwa kwenye masinia yaliyopambwa, na hesabu yake lazima iwe witiri: 5 kutoka huku, 7 kutoka kule. Kwa mila, upande wa mwanamume ukivunja uchumba unapoteza ulivyotoa. Upande wa mwanamke ukivunja unarudisha maradufu. Siku yenyewe maharusi huketi juu ya jukwaa, pelamin, wakiwa wamevaa songket, nguo ya nyuzi za dhahabu, na huitwa raja sehari, wafalme wa siku moja. Mgeni akiondoka hupewa yai la kuchemsha lililopambwa kwa ua, kuwaombea kizazi.

Nimeyaeleza masinia na popoo kwa makusudi, maana bila hayo kisa kikubwa kuliko vyote cha posa katika lugha ya Kimalay hakisomeki sawasawa.

Kisa hicho kimo katika Sejarah Melayu, kitabu cha historia ya masultani wa Melaka ambacho mapokeo yanakihusisha na Tun Sri Lanang na mwaka 1612. Sultan Mahmud Syah, amefiwa na mke, anasema hataki tena binti wa mfalme, kwa kuwa wafalme wengine nao wanaoa mabinti wa wafalme. Anamtaka asiyeweza kupatwa na mwingine: Puteri Gunung Ledang, binti wa mlima Ledang, ambao uko Johor na una urefu wa mita 1,276. Anatuma wajumbe, akiwemo shujaa Hang Tuah ambaye sasa ni mzee. Mlima ni mkali, upepo ni baridi, na kijana Tun Mamad ndiye anayefika juu. Anakuta mianzi inayoimba kwa upepo hata ndege wanaopita wanatua kusikiliza. Kwenye bustani anapokewa na wanawake. Wanaupokea ujumbe, wanatoweka, kisha anatokea bibi kizee na masharti ya binti.

Masharti ni haya. Daraja moja la dhahabu na moja la fedha, kutoka Melaka hadi mlimani. Masinia 7 ya hati za mbu, yaani maini yao. Masinia 7 ya hati za kuman, vijidudu visivyoonekana vizuri kwa macho. Mtungi wa maji ya popoo changa. Mtungi wa machozi. Bakuli la damu ya mfalme na bakuli la damu ya mwanawe, Raja Ahmad.

Wengi husimulia kisa hiki kama habari ya mwanamke mwenye tamaa au mwenye majivuno. Lakini tazama alichoomba. Masinia, na kwa hesabu ya witiri. Popoo, ambayo ndiyo posa yenyewe. Hati, lile ini ambako penzi hushukia, ila limewekwa kwenye mwili wa mbu. Amechukua kila kitu kilichomo kwenye posa ya heshima na kukikuza au kukidogosha mpaka kisiwezekane, kisha akaongeza machozi na damu, vitu ambavyo posa ya mfalme asiyekataliwa huwatoza wengine kimyakimya. Hakusema hapana. Alisema ndiyo kwa namna ambayo mwenye akili angesikia hapana. Kitabu chenyewe kinaongeza kwamba kwa masimulizi ya watu, yule bibi kizee ndiye aliyekuwa Puteri mwenyewe.

Sultan anajibu kwamba vyote vinaweza kupatikana isipokuwa damu. Hana ini la kutoa damu ya mwanawe. Posa ikaishia hapo. Mwaka 1511 Wareno waliiteka Melaka chini ya Sultan huyohuyo, miaka sita baada ya wenzao kuipiga Kilwa na Mombasa. Na baadaye, katika uhamisho, Mahmud alimuua Ahmad. Damu aliyoshindwa kuitoa kwa ajili ya mapenzi aliimwaga kwa ajili ya utawala, na naona mwandishi wa historia ile alijua vizuri msomaji wake angeunganisha mambo hayo mawili bila kuambiwa.

Fumbo lakini linaweza pia kutumiwa vibaya, na Wamalay hawakulificha hilo. Katika Hikayat Hang Tuah, shujaa anamfuata Tun Teja wa Pahang, binti aliyekwishachumbiwa, anamtia dawa ya mapenzi, binti anampenda na kupanda naye jahazi akiamini anakwenda na mpenzi wake. Anakabidhiwa kwa Sultan. Mshenga amegeuka mtego. Kwa vizazi vingi kisa hiki kilisomwa kama sifa ya uaminifu wa Hang Tuah kwa mfalme. Wasomaji wa leo, hasa wanawake, wanauliza Tun Teja alijisikiaje alipoelewa, na mimi niko upande wao.

Ilipofika karne ya 20 swali likawa: je, binti anaweza kusema mwenyewe, bila kivuli? Mwaka 1925 na 1926 Syed Sheikh al-Hadi, mwanamageuzi wa Kiislamu mzaliwa wa Melaka na mwenye asili ya Hadhramaut, alichapisha hadithi ya Faridah Hanom, msichana msomi anayempenda Shafik Afandi wakati familia inamtakia binamu yake. Wapenzi wanaandikiana barua na kutoa hoja kuhusu haki za wanawake. Al-Hadi aliiweka hadithi nzima Misri, hakuna Mmalay hata mmoja ndani yake. Cairo ilikuwa pembayang. Maksud ilikuwa nyumbani. Kitabu kiliuzwa sana hata kikamsaidia kuanzisha kiwanda chake cha uchapaji, Jelutong Press, huko Penang.

Filamu zikafuata. Mwaka 1960 P. Ramlee, mwigizaji na mwongozaji mzaliwa wa Penang, alitengeneza Antara Dua Darjat, kisa cha mwanamuziki na binti wa ukoo wa kifalme, na hapo kikwazo kilikuwa tabaka, kikitajwa wazi. Wamalay wana methali ya bundi anayeutamani mwezi, pungguk rindukan bulan. Kwetu bundi huleta habari mbaya. Kwao ni maskini aliyempenda wa juu, anakaa tawini usiku kucha akitazama mwanga asioufikia.

Siku hizi televisheni za Malaysia hujaa tamthilia zenye kisa kimoja kinachojirudia: wawili wanalazimishwa kuoana, au wanaoana kwa mkataba, wanachukiana, kisha penzi linaanza ndani ya ndoa. Mtazamaji wa nje huuliza kwa nini ndoa ya kulazimishwa inapendwa hivyo. Sababu moja ni adabu ya kile kinachoweza kuonyeshwa. Malaysia ina sheria za khalwat, kosa la mwanamume na mwanamke wasio maharimu kukutwa faraghani. Kwa sheria ya mwaka 1997 ya maeneo ya shirikisho adhabu yake inafika faini ya ringgit 3,000, kifungo cha miaka miwili, au vyote. Mwandishi anayetaka wapenzi wake wawe chumba kimoja, wagombane juu ya mto wa kulalia, washikane mkono kwa bahati mbaya, akidi humfungulia mlango. Kwanza nikahi, kisha mapenzi. Watu wana jina lake kabisa: bercinta selepas nikah.

Na vijana wenyewe? Wengi wanajuana chuoni au kwenye simu, wameshakubaliana kila kitu, mpaka rangi ya jukwaa. Lakini siku ya merisik wazee bado wanakuja. Tepak sirih inabebwa kwa mikono miwili na kuwekwa katikati ya mkeka, majani yamepangwa vizuri ingawa wachache chumbani bado wanatafuna tambuu. Msemaji anasafisha koo. Nyuma ya pazia binti anajua swali, anajua jibu, na kijana wake anangoja ujumbe wa simu. Hata hivyo kila mtu ananyamaza kusikiliza, na mzee anauliza kwa upole, kana kwamba habari hii haijawahi kufika popote, kama lile ua katika bustani hii lina mwenyewe.